Sauti ya Chini

Meneja wetu mpya aliletwa kutoka idara ya maji. Sina neno na idara ya maji; siku nikipelekwa mimi kule nitawaamrisha mafundi wapulize mabomba kwa hisia. Ila mtu aliyezeeka akitazama mabomba, ukimleta kwenye okestra haoni wanamuziki. Anaona mabomba, na kwa bahati yangu mbaya chombo kilichofanana na bomba kuliko vyote kilikuwa mapajani mwangu.

Siku ya kwanza alitukusanya ukumbini, kila mtu aeleze chombo chake na kazi yake. Alianza na yule anayetuongoza, mtu mpole mwenye miwani mizito, anayesema "samahani" hata kwa kiti akikigonga.

"Mimi ni kondakta," akasema yule mpole.

Meneja akamtazama mikononi, akaona kijiti tu. "Nauli unaweka wapi?"

Tulicheka, tukidhani ni mtu wa mizaha. Meneja hakucheka. Alimwambia Kondakta kwamba kuanzia siku hiyo asimame karibu na mlango, na Kondakta, badala ya kumweleza, akasema samahani akaanza kusogea. Hapo ningepaswa kujua tumekwisha.

Zamu yangu ikafika. Nikainua basuni yangu aione vizuri: mti mrefu kuliko mimi, uliokunjwa mara mbili kama suruali kwenye kamba, tundu lake likitazama dari, na pembeni kijibomba chembamba chenye vipande viwili vya tete vilivyofungwa pamoja, ndipo napulizia. Watu wengi hawajawahi kuiona, na wakiiona huuliza kama inatumia mafuta ya taa. Kwa hiyo nikasema kwa fahari, tena kwa kutanua mabega:

"Bosi, katika filimbi zote za mbao humu ndani, hii ndiyo yenye sauti ya chini kabisa."

Maneno hayo niliyatoa mwenyewe, sikulazimishwa na mtu. Sisi wa muziki tukisema sauti ya chini tunamaanisha sauti nzito, ile inayotoka tumboni. Watu wengine wote duniani wakisema sauti ya chini wanamaanisha mtu anayenong'ona. Nimeishi na lugha hii tangu nizaliwe na sikuwahi kuona lile shimo mpaka nilipokuwa ndani yake.

"Chini kabisa," Meneja akarudia, uso umekunjamana. "Na watu wa viti vya nyuma wanapata?"

"Wanapata nini?"

"Sauti, mama. Inawafikia?"

"Inawafikia vizuri sana. Chini maana yake ni nzito, siyo ndogo."

"Nzito!" Akapiga makofi mara moja, kama aliyemkamata mwizi. "Kitu kizito ndicho hasa hakipandi. Sasa nikuulize. Maji yakiwa chini, nyumba za mbali hazipati, unafanyaje?"

Akajibu mwenyewe.

"Unainua tangi."

Kushoto kwangu hukaa mpiga sello, ile fidla kubwa ya kushikwa kwa magoti, ambaye ni mdogo wa mume wangu, kwa hiyo tunatukanana kwa uhuru. Aliinama kwangu akanong'ona, "Shemeji, umejichongea mwenyewe." Nikamkanyaga.

Mabesi ya nyuzi, yale makubwa kama makabati, nayo yana sauti ya chini, tena ya chini kuliko yangu. Lakini wapigaji wake ni wajanja. Walimwambia Meneja kwamba wao hupiga wamesimama, kwa hiyo tayari wako juu. Akakubali, akawasifu. Mpiga pikolo, yule dada mwembamba mwenye kifilimbi kidogo chenye sauti ya juu kuliko zote, alipelekwa chini ya jukwaa, kwenye chumba cha kuwekea mazulia, kwa sababu Meneja alisema presha yake imezidi na inaweza kupasua kitu. Alikuwa akipiga humo gizani, na sauti yake ikitoka kwenye nyufa za mbao kama panya aliyesoma.

Mimi nikaanza kupandishwa.

Kwanza niliwekewa kreti za soda, kisha meza. Siku iliyofuata Meneja alisimama penye kiti cha mwisho kabisa nyuma ya ukumbi, akatega sikio, akatikisa kichwa. "Bado chini!" akapaza sauti. Alikuwa sahihi, jamani, hapo sina la kumpinga: ilikuwa bado chini. Ningepanda mpaka mawinguni ingebaki chini, kwa sababu ndivyo ilivyochongwa. Basuni inaanzia kwenye noti iitwayo si-bemoli, iliyo chini ya mistari yote ya karatasi, huko ambako hata macho yanaona uvivu kushuka, halafu inapanda okteva tatu na nusu, yaani do-re-mi nzima mara tatu na nusu, mpaka inafika mi ya juu, na hapo inakuwa na sauti ya mtu anayeomba msamaha huku amekabwa koo. Ni eneo kubwa. Wengi hawajui kwa sababu kazi yetu ya kila siku ni ya sakafu. Tunatembea bega kwa bega na sello mpaka msikilizaji asijue anachosikia ni nyuzi au ni mti. Tunajaza pengo kati ya klarineti na tarumbeta. Na mtunzi akitaka babu aliyenuna au mtu mnene anayepanda ngazi, anatuita sisi, ukumbi unacheka, kisha tunarudi sakafuni. Hakuna anayeisifu sakafu, ila iondoe uone.

Walipokuja mafundi wa kupaka dari rangi, wakaacha jukwaa lao la vyuma, lile la ghorofa tatu lenye magurudumu na ngazi ya pembeni. Meneja alilizunguka huku akilipapasa. Nilijua tangi lake limepata mnara.

"Mtu asipokaa kwenye kimo nilichompangia," alitutangazia, "nitaweka spika mahali pake. Spika haina magoti."

Nikapanda. Shemeji aliifunga basuni kwa kamba nikaivuta juu kama ndoo ya kisimani. Kutoka ghorofa ya tatu niliona upara wa kila mtu. Niliona vumbi juu ya taa na kiota cha ndege aliyehama. Sikumsikia mtu yeyote vizuri, na Kondakta, kwa ile miwani yake, alikuwa akinipa ishara za kuingia akiipungia taa iliyokuwa mita kadhaa kulia kwangu.

Haya yote ningeyavumilia. Ni kazi, na nimeshafanya za kipuuzi zaidi. Nimewahi kupiga kwenye ufunguzi wa choo. Jambo ambalo sikuweza kulivumilia lilikuwa mama yangu.

Mama anaishi na mimi. Masikio yake yalianza kumwacha polepole. Daktari alitueleza kwamba uzee huchukua kwanza sauti nyembamba: ndege, kengele ya mlango, maneno ya wajukuu. Halafu zinafuata za kati. Sasa hivi ukimsemesha anatazama midomo yako kwa adabu, kisha anasema "ndiyo" kwa kila kitu, hata ukimuuliza amekula nini. Kaka yangu akija hupaza sauti mpaka majirani wanatoka nje. "Mama! Hujambo!" kwa sauti ya juu kabisa, mishipa ya shingo imemtoka. Mama anamtazama kwa huruma. Hasikii hata chembe. Polepole aliacha kwenda kwa watu, akaacha hata kukaa sebuleni na sisi, akawa mtu wa chumbani kwake na dirisha lake. Aliwahi kuniambia, "Mnachezesha midomo tu. Nachoka kuwatazama." Nilienda jikoni nikalia juu ya vitunguu ili watoto wasiulize.

Kisha siku moja nilikuwa nafanya mazoezi sebuleni, nashuka ngazi ya noti, natafuta ile si-bemoli ya mwisho. Ni noti ngumu. Inataka matundu yote yazibwe, vidole gumba vyote vifanye kazi ya watu wawili, na mdomo uwe umelegea kama wa mtu aliyetoka kung'olewa jino. Ikatoka, ikatambaa sakafuni, vikombe vikalia kabatini.

Kutoka chumbani kwake Mama akaitika, "Abee!"

Nilidhani nimesikia vibaya. Nikapiga tena.

"Abee!" Na safari hii akatoka mlangoni, kanga mkononi, anatazama huku na huku. "Nani ananiita?"

Nilicheka mpaka tete ikadondoka. Mama yangu mzazi kaniitikia abee, kama mtoto wa kike anayeitwa na mkubwa wake! Halafu kicheko kikaniishia, kwa sababu niliwaza ni nani aliyebaki duniani wa kumwita akaitika hivyo. Hakuna. Wote walishatangulia. Alikuja akaweka kiganja chake juu ya mti wa basuni. Nikampigia tena, akafumba macho. "Ndiyo huyo," akasema. "Nilijua naitwa."

Kuanzia hapo ndivyo tunavyoongea. Asubuhi nampigia si-bemoli moja, anaitika, anatoka, anakunywa chai na sisi. Mume wangu aliuliza kama hatuwezi kununua kengele. Nikamwambia alale nje.

Sasa, Kondakta wetu ni mtunzi pia, ingawa husema hivyo kwa kuomba radhi. Alikuwa ametunga kazi mpya kwa ajili ya onyesho la Jumamosi mchana. Mwishoni okestra nzima inapiga kelele kubwa, kisha wote wananyamaza ghafla, basuni inabaki peke yake. Inaanza kwenye mi yake ya juu, inashuka kwa vifungu vitatu, kila kifungu okteva moja na kidogo, na kati ya kifungu na kifungu kuna kimya kirefu. Inaishia kwenye si-bemoli. Ni safari nzima ya chombo changu, kutoka darini mpaka sakafuni, na Kondakta aliniambia aliiandika kwa sababu yangu. Nilimkumbatia, miwani ikapinda.

Na Mama alikubali kuja. Nilimwandikia kwenye kiganja kwa kidole: NJOO UNISIKIE. Akasema, "Nitasikia?" Nikaitikia kwa kichwa, kwa nguvu, kwamba ndiyo. Nilimuahidi, hiyo ndiyo shida. Alitoa gauni ambalo hakuwa amelivaa tangu marehemu baba yangu azikwe.

Mazoezi ya mwisho nilimfuata Meneja.

"Bosi, mama yangu anakuja. Hasikii chochote isipokuwa noti zangu za chini kabisa, na hizo anazipata kwa miguu, kupitia mbao za sakafu. Nikiwa juu ya vyuma na magurudumu ya mpira, hazitamfikia. Niache nikae chini, hiyo siku moja tu."

Alinisikiliza kweli, nimpe haki yake. Akafikiri.

"Mama yako hasikii?"

"Hasikii."

"Na wewe sauti yako ni ya chini."

"Ndiyo."

"Na unataka ushuke chini zaidi, ili mtu asiyesikia asikie." Akanishika bega kwa upole. "Mama, umechoka. Nitakuongezea ghorofa ya nne."

Bahati nzuri vyuma vya ghorofa ya nne havikupatikana.

Jumamosi ukumbi ulijaa. Kaka yangu alimleta Mama, akamketisha safu ya mbele kabisa, mbele ya sello. Nilimwona kutoka juu, mdogo kama kitufe, amevaa lile gauni, mikono imelazwa juu ya vipini vya kiti, amevua viatu na kuweka miguu juu ya mbao za sakafu kama nilivyomwonyesha. Meneja alisimama chini ya mnara wangu, mikono nyuma, anatazama watu wakinitazama. Watu walikuwa wananitazama sana. Nadhani walidhani nitaruka.

Tukaanza. Wenzangu walipiga vizuri, lakini bila basuni sakafuni wote walionekana wanaelea. Sello ilikuwa inatembea peke yake kama mtu aliyeachwa kituoni, na shemeji alikuwa akiinua macho kwangu kila mara. Mimi nilikuwa napiga, ila sauti yangu ilipanda darini, ikazunguka taa, ikarudi imechelewa. Nilimtazama Mama. Alikuwa anatazama mikono ya wapiga fidla kwa adabu. Uso ule ule wa "ndiyo". Kisha akageuka kumtazama kaka, na nikaona anavuta viatu kwa kidole cha mguu. Alikuwa anajiandaa kuondoka.

Nasema wazi: sikuwaza sanaa, sikuwaza kibarua changu. Niliwaza kwamba ametoka chumbani kwake kwa sababu yangu, na akirudi safari hii hatatoka tena.

Ikaja ile kelele kubwa. Pikolo chini ya jukwaa akapiga kama presha yake kweli imezidi. Halafu wote wakanyamaza, na Kondakta akaipungia taa.

Nikaingia kwenye mi ya juu. Nilipiga kifungu cha kwanza kwa ile sauti ya aliyekabwa, nikaenda nacho mpaka mwisho. Kikaja kimya. Nikaning'iniza basuni mgongoni kwa mkanda wake, nikashika ngazi, nikaanza kuteremka.

"Unaenda wapi?" Meneja akafoka kwa kunong'ona. Sauti ya chini, kwa maana yake yeye.

Vyuma vililia kwa kila hatua. Ukumbi mzima ulikuwa umetulia, unadhani ndivyo kazi ilivyoandikwa. Nilifika ghorofa ya pili, nikakaa ukingoni miguu ikining'inia, nikapachika tete mdomoni. Nilimtazama Kondakta. Mikono yake ilikuwa bado hewani. Alikuwa ameinua miwani kwa kidole, na safari hii alikuwa ananitazama mimi, siyo taa. Hakusema samahani. Akasubiri mpaka nimevuta pumzi, ndipo akashusha kijiti.

Nikapiga kifungu cha pili, okteva ya katikati, ile inayofanana na sauti ya mjomba anayesimulia. Nikamwona Mama ameacha kuvuta viatu. Alikuwa ameinamisha kichwa upande, kama mtu anayedhani amesikia gari nje lakini hana hakika.

Kimya cha pili. Nikateremka tena. Meneja alikuwa amesimama mwisho wa ngazi, mikono ameitanua.

"Rudi juu," akasema. "Hapa presha hakuna!"

"Bosi, sogea, mnara unavuja," nikamwambia.

Akasogea. Kazi ya miaka mingi ilimsogeza kabla hajafikiri. Aliruka pembeni akatazama viatu vyake. Nikapita. Sikwenda kwenye kiti, kwani kiti changu kilikuwa kule juu. Niliketi juu ya mbao zenyewe, ukingoni mwa jukwaa, mbele ya Mama, nikaegemeza basuni kwenye sakafu. Shemeji aliinua sello yake kidogo ili isiibe mtetemo. Kondakta akashusha mkono.

Nilishuka hatua kwa hatua. Fa, mi-bemoli, re. Do. Nikaziba matundu yote, nikalegeza mdomo, nikaiacha ile si-bemoli itoke. Ilitoka. Ilipita kwenye mbao, nikaisikia makalioni mwangu, ikaenda.

"ABEE!" Mama akaitika.

Aliitika kwa sauti kubwa ya mtu asiyeisikia sauti yake mwenyewe, ukumbi mzima ukasikia, na akasimama wima, pekupeku, kama msichana aliyeitwa na mkubwa wake na anajua hapaswi kuchelewa. Watu wakageuka kumtazama. Kisha wakapiga makofi mpaka vumbi la taa likamwagika. Meneja alipiga kuliko wote. Baadaye nilimsikia akiwaeleza wageni kwamba tangi likishapandishwa vizuri, maji lazima yashuke yenyewe, ni kazi ya mteremko tu, na kwamba Jumamosi ijayo atampandisha shemeji.

Lakini mimi sikuwa na habari naye. Nilipotoka nje, Mama alikuwa ameketi kwenye ngazi za mlango wa nyuma, viatu mkononi, hataki kuingia kwenye gari la kaka. Kaka alikuwa anampigia kelele, "Mama! Twende!" na mishipa yake yote. Mama hakumtazama. Alinitazama mimi, na kwa mara ya kwanza baada ya muda mrefu aliuliza kitu akingoja jibu.

"Mbona leo ulikawia hivyo kuniita?"

Nilifungua kinywa nimweleze: mnara, meneja, idara ya maji. Kisha nikakumbuka ninaongea na nani. Nikaweka kasha chini, nikaunganisha basuni kipande kwa kipande pale pale ngazini, watu wakipita na kuturuka, nikakaa karibu naye mpaka mabega yetu yakagusana, nikampigia noti ile moja.

"Abee," akasema taratibu, akanipa mkono nimwinue, tukaenda nyumbani.